Daktari wa Ng'ombe na Sinema za Kijerumani

Daktari alikuwa hawezi kumpita ng'ombe bila kumsalimia. Binadamu aliweza kumpita, na wengi walimnunia kwa sababu hiyo, lakini ng'ombe hakumpita hata mmoja. Alisimama, akamwekea kiganja ubavuni, akamnong'oneza kitu, ndipo amgeukie mwenye ng'ombe aliyekuwa amesimama hapo muda wote na kumwambia, "Na wewe, hujambo?" Nilikaa naye Garsen ukuta kwa ukuta kwa miaka mingi, na sikuwahi kusikia alichokuwa akiwanong'oneza. Nilipomuuliza alisema ni siri ya kazi. Nikamwambia siri gani hiyo, hata hao ng'ombe wenyewe hawaielewi. Akacheka akaenda zake.

Zahanati yetu ilikuwa na mganga wake wa kutibu watu, naye tulimwita "yule wa zahanati". Ukisema Daktari, peke yake hivyo, kila mtu alijua unamtaja nani. Alikuwa mtu mrefu, shingo imeinama mbele kidogo, na mabuti ya mpira hayakumtoka miguuni hata siku za jua kali. Alitia mkono ndani ya fahali bila kupepesa jicho, lakini paka akiingia barazani, Daktari alipandisha miguu yote miwili juu ya kiti akaniita kwa sauti nyembamba, "Dada, njoo umtoe mnyama wako." Paka hakuwa wangu. Nilimtoa hata hivyo, baada ya kumwacha Daktari ateseke kidogo.

Hakupenda haraka. Neno lake lilikuwa moja, "Tuliza roho, anakusikia." Alimwambia mwenye ng'ombe anayehangaika, alimwambia kondakta anayepiga makelele, aliniambia hata mimi siku niliyokuwa nikigombana na jenereta. Nilimuuliza nani ananisikia, jenereta? Akasema hata yeye. Na kwa kweli alilipapasa lile dude kwenye tangi, akavuta kamba, likawaka. Nilikasirika siku nzima.

Mimi ni mtu wa Kipini niliyeolewa Garsen. Miaka ile ya tisini inaelekea ukingoni, nilikuwa na banda la video nyuma ya duka la mume wangu. Mali yangu ilikuwa televisheni, deki, mabenchi, na jenereta hilo lenye kikohozi. Nilionyesha mchana tu, na nilikuwa na sheria yangu. Ikitokea picha isiyofaa, busu refu au nguo inafunguliwa, nilisimama mbele ya kioo na kukitandazia leso mpaka mambo yaishe. Wateja walipiga kelele, lakini walirudi kesho yake. Mtu mzima anataka aone, na anataka pia akitoka aweze kusema kwamba hakuona.

Nimwache kidogo Daktari na ng'ombe zake nieleze kwa nini jina lake lilikuwa na uzito. Kwetu kuna wakulima, Wapokomo, wana mashamba kando ya Mto Tana. Kuna wafugaji, Waorma, wana ng'ombe wanaotaka maji ya mto huo huo. Njia ya ng'ombe kufika majini huitwa malka, nayo hupita katikati ya mashamba, na pale ndipo ugomvi unapozaliwa. Zilipokuja zile mvua kubwa, mto ulifurika ukazoa mashamba, na maji yalipopungua tukakuta mto wenyewe umehama. Malka za zamani zikawa zinaelekea kwenye mchanga. Ilibidi zikatwe mpya, na mtu wa kuongoza wazee katika kuzikata alitakiwa awe mmoja ambaye pande zote mbili zitamsikiliza. Wote walimtaja Daktari. Yeye ni Mpokomo wa Golbanti, mzee wa kanisa, na hakuna boma la Waorma ambalo hajalala akingoja ng'ombe azae. Baraza la kumthibitisha lilikuwa limekwisha kutangazwa. Kilichobaki ni yeye kuingia siku hiyo na jina safi kama lilivyokuwa.

Sasa, Daktari huyu alikuwa na jambo moja la kujisifia. Ujanani serikali ilimpeleka Ujerumani kusomea maradhi ya mifugo. Alirudi na koti zito ambalo Tana hii halivaliki hata Julai, na tabia ya kufika mahali kabla ya wakati halafu kuwalaumu wengine. Na mara moja moja, mazungumzo yakipendeza, alisema, "Hata mimi nimewahi kucheza sinema." Tukimuuliza sinema gani, alijibu, "Ya ng'ombe." Tulicheka tukaiweka pamoja na ule uongo wake mwingine wa maji ya ziwa kugeuka sakafu watu wakatembea juu. Baadaye nilikuja kujua kwamba hata hilo la ziwa ni kweli.

Mafuriko yalikata barabara. Basi la Malindi haliji, la Lamu haliji, na kanda mpya za video hazina pa kupitia. Zile zangu za karate, wateja walikuwa wamezikariri mpaka wanatoa ngumi kabla ya mchezaji. Nikakumbuka katoni iliyokuwa chini ya kitanda. Shemeji yangu alikuwa ameipata Malindi kwa mlinzi wa nyumba ya Mjerumani aliyehama, akaniletea kabla barabara haijakatika. Niliitupa huko kwa sababu kanda zote zilikuwa za Kijerumani, nyingi hazina hata jalada. Lakini mwenye njaa hachagui mchuzi, nami nilikuwa na njaa ya wateja.

Ya kwanza ilifunguka kwa mlima wa kijani, na juu ya mlima, ng'ombe. Benchi la mbele walikuwa wamekaa mama wa maziwa. Hawa ni wanawake wa Kiorma wanaotoka maboma ya karibu na maziwa yao, wakayauza pale mabasi yanaposimama. Mabasi yalipokosekana walikuwa na nafasi tele, wakaja kukaa kivulini kwangu. Mkubwa wao alikuwa Mama Hawo, mwanamke mfupi, mkavu, mwenye maneno machache yanayokata. Alipomwona yule ng'ombe alisimama.

"Subhanallah," alisema. "Angalieni kiwele. Hii inatembea aje?"

Wakaanza kujadili kiwele, nyasi, na kengele ile shingoni ya nini, kwani wezi hawaisikii? Mara kwenye kioo akatokea msichana, akaingia zizini, akaanza kufungua vifungo kwa sababu ambayo hatukuielewa. Nikaruka na leso yangu. Sijawahi kupigiwa kelele kama siku ile.

"Toa leso, Mama Zuhura! Ng'ombe iko nyuma yake!"

"Kuna mtu hana nguo hapa!" nikawaambia.

"Sisi hatutaki mtu. Ficha yeye, wacha ng'ombe."

Jaribu wewe kumficha msichana mwenye urefu wake umwache ng'ombe aliyesimama nyuma yake. Nilitoka jasho. Na tatizo la pili ni kwamba walitaka kujua ng'ombe yule ni wa nani, na mbona hakuna mtu anayemkamua. Ndipo nikamwita jirani yangu anayejua Kijerumani.

Daktari alikuja ananifuata akipiga mluzi. Alilichukua jalada la kanda mezani, lina picha ya msichana ameketi juu ya nyasi kavu na suruali fupi ya ngozi. Mluzi ukakatika. Aliliweka chini polepole.

"Hizi umezitoa wapi, dada?"

"Malindi."

"Nyingi?"

"Katoni."

Aliketi. Akavua kofia, akaivaa. Kisha akasema atakuja kutafsiri kila siku, bila kitu, ila leso atashika yeye. Nilimtazama sana. Mzee wa kanisa!

Lakini lo, alijua kutafsiri mtu yule! Sinema zenyewe hadithi yake ni ile ile, watu wanaingia chumba kisicho chao, mwenye chumba anarudi. Daktari alizifanya za malisho. Mwanamume akiruka dirishani bila suruali, Daktari alikuwa amekwishatandaza leso, anasema kwa utulivu, "Huyu amesikia moto umeshika majani, anakimbilia ndoo." Mama mmoja akauliza, na hiyo mwanamke inapiga kelele ya nini? "Anahurumia malisho," akajibu. Mama Hawo alimtazama kwa jicho la pembeni. Wanawake wale walikuwa na watoto na wajukuu. Walijua wanachofichwa, na walimshukuru kwa kuwaficha.

Nilichoshindwa kuelewa ni kwa nini kila kanda ikianza alishikwa na baridi. Alikaza macho mpaka ionekane ni ipi, kisha akashusha pumzi. Siku moja tumekaa nje, jenereta linapumzika, nikamwambia Daktari, wewe unatafuta kitu humu.

"Kuna moja nimo mimi," akasema.

Nilicheka. Kisha nikamwona uso, nikamsogelea.

Hivi ndivyo nilivyopewa historia ya sinema za watu wazima za Wajerumani, kwenye benchi, Garsen, na mzee wa kanisa mwenye mabuti. Alisema zilianza kwa kujifanya somo la afya. Mtu aliyevaa koti jeupe alisimama mbele, akaeleza mambo ya ndoa kwa sauti ya darasani, na wakaguzi wa sinema wakashindwa kukata, maana nani atamkata daktari? Watu walipanga foleni kwenye mvua wakasome afya. Waliofuata wakaona hata yule wa koti jeupe hahitajiki, wakapeleka kamera milimani, wakatia muziki wa vijijini, suruali za ngozi na vichekesho. Wazee wa kule walizitukana hadharani na kuzitazama siku za kazi, saa za mchana. Baadaye ikaja video, mtu akaweza kutazama kwake amefunga mlango, na kumbi zikafungwa moja baada ya nyingine.

"Na hao wasichana?" nikamuuliza.

"Hao hawakudumu, dada. Leo yuko saluni anakata nywele, kesho picha yake iko ukutani mji mzima. Sinema ya pili, ya tatu, uso umezoeleka, wanatafuta mwingine. Hata majina waliyopewa hayakuwa yao. Na ile sinema yenyewe inabadilishwa jina, inauzwa tena kama mpya. Ndiyo maana siwezi kujua yangu ni ipi mpaka niione."

Mwenyewe aliingiaje? Kwa ng'ombe. Wapigapicha walikodi ng'ombe shambani alikokuwa akijifunza kazi, wakataka mtu wa kumtuliza. Nyota wa sinema alikuwa binti aliyetolewa kwenye duka la mikate, na alitakiwa akamue. Binti alikuwa anaogopa ng'ombe kama Daktari anavyoogopa paka. Alilia. Ng'ombe naye kiwele kimejaa, anaumia, anapiga mateke. Daktari akasema yeye atamkamua. Basi wakamvika mikono ya gauni la binti, na kwa vile ngozi yake ingetoboa siri, wakampa glavu nyeupe ndefu, kamera ikakaa karibu isionyeshe mtu.

"Glavu, Daktari? Nani anakamua na glavu?"

"Niliwaambia. Wakasema hakuna atakayegundua."

Wakampiga pia picha nyingine, amesimama mlangoni mwa zizi na suruali fupi ya ngozi, anacheka. Hiyo ndiyo iliyomnyima usingizi. Hakujua waliitia au waliikata, kwa sababu hakuiona sinema ile kamwe. Alifika mpaka mlango wa ukumbi, akakuta anayekata tiketi anamfahamu kutoka kanisani, akageuka.

Na yule binti alirudi kwenye mikate. Daktari alikwenda kumsalimia, akaambiwa hayupo tena. Wanawake waliokuwa wakinunua mkate pale waliiona picha ukutani, wakaelezana, wakaacha kununua kwake, na mwenye duka akamfukuza. "Alikuwa mtoto wa watu," alisema Daktari. "Alinigawia mkate wake siku ile, hatukuwa tumekula. Mtu akimwita mchafu mbele yangu tunagombana." Na kweli alikuwa tayari kugombana, macho yamemtoka, pale kwenye benchi.

Nikamwambia zichome basi hizi kanda, baraza ndilo hilo limekaribia. Akasema kila akiamka anasema leo atazichoma, halafu anasema ngoja aione kwanza. Kuiona kwa faragha haikuwezekana. Petroli ilikuwa ya shida, jenereta liliwaka saa ya wateja tu, na wateja wangu hawakutoka hata kwa fimbo. Mtu huyu aliogopa kuonekana na alitamani kujiona, vyote kwa pamoja, na nilimpenda kwa hilo. Nani kati yetu hangetamani?

Ikaja alasiri hiyo. Kanda haina jalada. Mlima, muziki, kengele, kisha msichana mwenye misuko miwili ya nywele anashuka na ndoo. Nikasubiri Daktari atafsiri. Nikamtazama, nikakuta leso imemwangukia mapajani na mdomo uko wazi.

"Ndiye yule wa mikate," alisema, kwa sauti ya mtu aliye peke yake.

Yule msichana hakukaa sana na nguo zake. Daktari hakuona, hakusikia, na mimi nilikuwa mbali nyuma, nikaruka mabenchi, na nilipofika na leso wanawake walikuwa wameona cha kuonekana. Sinema hii ilikuwa mbaya kuliko zote. Kisha zizi, na kioo kikajaa kiwele, na chini ya kiwele mikono miwili yenye glavu nyeupe. Nikaondoa leso. Nilijua ninatazama nini. Banda zima lilikuwa limesogea mbele, maana hawa sasa wameonyeshwa kazi yao.

"Nani anakamua?" akauliza mmoja.

"Msichana," nikasema upesi.

"Si msichana," akasema Mama Hawo. "Hiyo msichana inaogopa. Hii mkono inajua ng'ombe."

Aliinuka, akaenda mpaka kwenye televisheni, akaweka kidole kwenye kioo. "Kidole hii ndogo haikunji. Inakaa nje. Angalieni." Kisha akageuka, akamtazama Daktari, si usoni, mikononi. Daktari alikuwa ameshika magoti yake, na kidole chake cha mwisho cha kulia kimesimama kama kilivyosimama siku zote tangu mlango wa gari ulipombana akiwa mtoto.

Mlango wa zizi ukafunguka kwenye kioo. Nilifumba macho. Nilipofumbua, alikuwa ametoka mbuzi.

"Wamenikata," alisema Daktari, na nakuapia alikuwa ameumia.

Wanawake walicheka mpaka benchi moja likavunjika. Kwa Waorma kukamua ng'ombe ni kazi ya wanawake. Mwanamume anatibu, anachunga, anauza, lakini kuinama chini ya ng'ombe na kibuyu, hapana. Na huyu si mwanamume tu, ni Daktari, tena amevaa mikono ya gauni. Walitoka wameshikana, wanafuta machozi na mitandio. Daktari alibaki amekaa.

"Nimekwisha," aliniambia. "Kabla ya magharibi wazee wote watakuwa wanajua. Wataniuliza ni sinema gani, nami siwezi kusema uongo. Malka watampa nani? Watakatana mapanga pale mtoni."

Nililipapasa bega lake kama anavyopapasa yeye ng'ombe.

Habari zilifika sokoni kabla yetu. Siku ya baraza uwanja wa chifu ulijaa, wanaume mbele, sisi nyuma. Daktari aliketi na koti lake la Ulaya, sijui kwa nini alilivaa, jasho linamtiririka. Mzee mmoja wa Kiorma, mwenye ndevu zilizopakwa hina, alisimama na fimbo yake.

"Sisi tumesikia jambo," alisema. "Daktari huko Ulaya alikuwa anakamua ng'ombe. Amevaa nguo ya mwanamke. Picha iko." Uwanja ukapasuka kwa kicheko, Wapokomo kwa Waorma, mpaka polisi wa utawala. "Sasa mimi nauliza. Hii mtu tutaipa malka?"

Daktari alisimama.

"Ni kweli," alisema. "Msichana alikuwa anaogopa. Ng'ombe alikuwa amejaa tangu jana yake, analia. Hakuna mwingine aliyejua. Mlitaka nimwache?"

Kicheko kikapungua. Mzee akafikiri. "Ndama ilikuwa wapi?"

"Walimfungia mbali. Walisema kelele zake zinawaharibia picha."

"Lo!" Sauti ilitoka uwanja mzima. Wanaume walianza kuwatukana Wajerumani, watu gani wanamfunga ndama mbali na kiwele kimejaa. Mzee alipiga fimbo chini. Alisema mtu aliyekubali kuchekwa ili ng'ombe apone hataziba njia ya ng'ombe kwenda majini. Mkulima mmoja akaongeza kwamba mtu aliyevaa gauni pia hataogopa kukanyaga tope. Ikapita. Malka zilikatwa msimu ule, na Daktari alitembea kila moja na mabuti yake, akiwaambia pande zote mbili watulize roho, wanasikika.

Mimi nilikaa na swali langu. Mama wa maziwa waliiona sinema yote. Mbona uwanja mzima hakuna aliyeuliza juu ya yule msichana? Nilimfuata Mama Hawo pale anapouzia, nikamuuliza kwa nini walimtangaza mtu wa watu.

Alikuwa akipima maziwa, hakuinua kichwa. "Sisi tulikuwa wengi, Mama Zuhura. Habari lazima itoke. Basi tulitoa ile ya kukamua. Mtu akicheka sana, haiulizi ingine."

"Na ile nyingine?"

"Ingine gani?" alisema. Kisha akatabasamu. "Tukisema ile, wazee watamfukuza. Ng'ombe yetu nani atatibu? Na bwana zetu watauliza, nyinyi mliona wapi? Wewe pia nyamaza. Yeye wacha afikiri ni maneno yake ilimwokoa."

Nikanyamaza, na haikuwa rahisi, maana Daktari alitamba. Mwaka mzima tulisikia jibu alilotoa barazani, na kila alipolirudia lilirefuka, mpaka mwisho likawa hotuba. Nami naitikia, ehe, kweli Daktari.

Alipofika umri wa kustaafu alianza kufunga vitu arudi Golbanti. Jioni moja, jua bado lipo, alikuja kuniaga akaketi pale pale kwenye benchi. Akaanza tena: nilivyowajibu siku ile, dada, unakumbuka? Sijui nini kilinishika. Labda niliona anaondoka, nikaona haifai aondoke na jambo nusu. Nikamwambia yote, nani alisema nini na nani alificha nini.

Paka alipita chini ya benchi na Daktari hakuinua miguu. Kisha akasimama, akasema nimsindikize.

Tulikwenda mpaka ukingo wa mji, kwa Mama Hawo. Ng'ombe walikuwa wamerudi, na mama alikuwa ameinama chini ya mmoja na kibuyu chake. Njia ya sokoni inapita pale pale, na wanaume walikuwa wakirudi makundi makundi. Daktari alimwekea ng'ombe kiganja ubavuni, akamnong'oneza. Kisha akavua shati la juu, akalitundika kwenye miiba ya boma, akanyoosha mkono.

"Nipe kibuyu."

Mama Hawo alimtazama, akanitazama mimi, akaelewa nimesema. Alinitolea jicho kali. Halafu akampa kibuyu.

Daktari akapiga goti mavumbini, akaanza kukamua. Wanaume njiani walisimama. Mmoja alicheka, wa pili akaita wenzake. Yeye hakugeuka. Maziwa yalilia kwenye kibuyu, na kidole kile kimetoka nje.

"Yule msichana wa sinema alikuwa muuza mikate," alisema bila kuinua kichwa. "Wanawake walikuwa wakija dukani kwake kila asubuhi. Wale walisema yote, akafukuzwa."

Mama Hawo aliwatazama wanaume waliojaa njiani, akaenda akasimama kati yao na Daktari, akafunga mtandio vizuri.

"Kamua," alimwambia. "Mimi niko hapa."